VON: Neno Dogo Lililochagua Maofisa

Kila askari aliyepata kuketi darasani kusikiliza historia ya vita vya Afrika ya Mashariki anayakumbuka majina haya: von Wissmann, von Zelewski, von Prince, von Götzen, von Lettow-Vorbeck. Wote walikuwa maofisa wa Kijerumani, na wote, kama watu waliozaliwa nyumba moja, wamebeba neno "von" mbele ya jina la ukoo. Tulipokuwa katika chuo cha kadeti tulipewa kazi ya kupanga kadi za maktaba kwa utaratibu wa alfabeti. Tukawakusanya wote hao, na Clausewitz na Moltke pamoja nao, tukawatia chini ya herufi V, tukiamini kuwa ni ukoo mmoja mkubwa uliojaliwa vita. Mkufunzi wetu alicheka mpaka akavua kofia. Kisha akatuagiza tumletee maana ya neno hilo kabla ya gwaride la jioni, na jioni ile hatukuwa nayo. Haya tuandikayo leo ni jibu la swali lile, ingawa limechelewa miaka mingi.

"Von" hutamkwa "fon". Kwa asili yake si cheo wala si jina. Ni neno la kawaida kabisa la Kijerumani, lenye maana ya "kutoka" au ile "-a" yetu ya kuunganisha, na Mjerumani hulitumia kutwa nzima sokoni na nyumbani pasipo kumfikiria kabaila yeyote. Hapo kale watu wengi wa nchi ile walikuwa na jina moja tu. Katika karne za 11 na 12 mabwana wenye silaha na farasi walianza kujiita kwa majina ya ngome zao. Bwana Heinrich mwenye ngome ya mahali fulani akawa Heinrich wa mahali hapo. Neno likawa kama hati ya ardhi inayobebwa mdomoni, kwani kila alipolitaja jina lake alikuwa amekwisha kutaja mashamba yake, watu waliomlimia, na haki yake ya kuwahukumu.

Lilikuwapo neno la pili, "zu", maana yake "kwenye" au "katika". Mwenye "von" alitoka katika ngome hiyo. Mwenye "zu" alikuwa bado anaimiliki. Aliyetaka ulimwengu ujue kwamba ukoo wake ulitoka hapo na haujapokonywa alijiita "von und zu", yaani wa kutoka na wa kukaa, kama wanavyojiita hadi leo watawala wa Liechtenstein, ile nchi ndogo iliyo kati ya Uswisi na Austria. Sarufi ya Kijerumani nayo huyabana maneno haya na kuyageuza kuwa "vom", "zum" na "von der". Ndipo tukapata majina kama Freiherr vom und zum Stein, waziri wa Prussia ambaye tutakutana naye mbele, na Colmar von der Goltz, jenerali wa Prussia aliyelifunza jeshi la Uturuki.

Yafaa ieleweke, hata hivyo, kwamba si kila mwenye "von" alikuwa mtu wa nasaba. Mkulima naye hutoka mahali. Katika Uswisi na katika sehemu za kaskazini ya Ujerumani watu wa kawaida walichukua neno hilo hilo kueleza kijiji chao au jabali lililo karibu na nyumba yao, wala hakuna aliyewaona wakorofi. Niklaus von Flüe, mtakatifu wa Uswisi aliyeishi kati ya mwaka 1417 na 1487, alikuwa mkulima. Waholanzi na majirani zao wa Flanders wana "van", ambayo haina uungwana wowote ndani yake. Jambo hili lilimfedhehesha mwanamuziki mkubwa Ludwig van Beethoven. Alipokuwa akidai mahakamani ulezi wa mwana wa nduguye katika mji wa Vienna, kesi yake ilisikilizwa katika mahakama ya waungwana, maana watu walidhani "van" yake ni sawa na "von". Mwaka 1818 aliulizwa juu ya hati yake ya uungwana. Hakuwa nayo, na kesi ikahamishiwa mahakama ya raia wa kawaida. Herufi moja iliamua mtu ahukumiwe wapi.

Jeshi la Prussia, lililopenda utaratibu kuliko chakula, lilipata dawa ya utata huo. Katika orodha za maofisa, "von" ya muungwana iliandikwa kwa kifupi, "v." tu, na ile ya mtu wa kawaida ikaandikwa herufi zote tatu. Kwa hiyo karani wa kikosi akipitisha kidole juu ya karatasi aliweza kuona mara moja nani alizaliwa wapi, na mwenye neno fupi ndiye aliyekuwa mkubwa.

Kuanzia karne ya 14, wakati wa Kaisari Karl IV, watawala walianza kutoa uungwana kwa hati. Tangu hapo Wajerumani wakatofautisha uungwana wa kale, ambao hakuna ajuaye ulianza lini, na uungwana wa hati, ambao tarehe yake imeandikwa na muhuri wake unaonekana. Waungwana wa kale waliwacheka wale wa hati, na baadhi yao hawakuwa hata na hiyo "von". Ukoo wa Knigge, kwa mfano, ni wa makabaila wa zamani na hawakuona haja ya neno lile. Lakini waliopewa hati walilitaka. Hapo ndipo sarufi ilipotupwa nje. Mshairi Goethe alipopewa uungwana mwaka 1782, na mwenzake Schiller mwaka 1802, "von" ilibandikwa mbele ya majina yao yale yale ya kuzaliwa. Goethe si kijiji. "Wa Goethe" ni wa wapi? Hakuna aliyeuliza tena, kwa kuwa neno lilikwisha kuacha kueleza mahali, likawa nishani ya kuvaliwa juu ya jina.

Nishani hiyo ilifika hadi pwani yetu. Hermann Wissmann alikuja na jina tupu kuvunja upinzani wa Abushiri na Waswahili wa mrima. Mwaka 1890 mfalme wake akamtuza, akarudi kwenye vitabu akiwa von Wissmann. Tom Prince, mzaliwa wa Mauritius aliyekuwa na baba Mwingereza, alipigana na Mkwawa, akatuzwa kabla ya Vita Kuu ya Kwanza, na alipouawa katika mapigano ya Tanga Novemba 1914 alikuwa von Prince. Maana yake, ukitafsiri neno kwa neno, ni "wa Mwana wa Mfalme". Kwa Lettow-Vorbeck, ambaye babu zetu wa KAR walimfukuza kutoka Kilimanjaro hadi Msumbiji na Rhodesia ya Kaskazini, "von" ilikuwa ya kurithi, ya makabaila wa Pomerania. Ama Zelewski, yule ambaye wananchi walimpa jina la Nyundo na ambaye Wahehe walimwua pale Lugalo tarehe 17 Agosti, 1891, jina lake lilisema jambo moja mara mbili. Mwisho ule wa "-ski" katika majina ya Polandi hufanya kazi ile ile ya "von": humwunganisha mtu na mahali. Tutarudi kwa ukoo huo baadaye, kwa bahati mbaya.

Swali linalotuhusu sisi tuvaao sare ni hili: je, neno hilo lilimfanya mtu kuwa kamanda bora? Mfalme Frederick wa Pili wa Prussia, aliyetawala kati ya mwaka 1740 na 1786, aliamini hivyo. Wakati wa Vita vya Miaka Saba maofisa wengi walikufa, ikambidi awapandishe watu wasio na nasaba; vita vilipokwisha mwaka 1763 akawaondoa. Hoja yake haikuwa ya kipumbavu. Alisema kwamba mtoto wa mfanyabiashara akijiaibisha jeshini hurudi dukani kwa baba yake, lakini muungwana hana mlango mwingine wa kuingia, kwa hiyo atasimama na kufa mahali pake. Tumewahi kusikia hoja za namna hiyo, kwa maneno mengine, katika nchi nyingine nyingi. Matokeo yalikuwa kwamba kufikia mwaka 1806, katika maofisa zaidi ya 7,000 wa Prussia, wasio waungwana walikuwa 695 tu, na wengi wao waliwekwa katika vikosi ambavyo waungwana hawakuvitamani.

Tarehe 14 Oktoba, 1806, Napoleon na jemadari wake Davout waliliponda jeshi hilo siku moja katika viwanja viwili, Jena na Auerstedt. Wakuu wa jeshi la Ufaransa walikuwemo watoto wa watu wadogo waliopanda kwa vita vya mapinduzi. Aibu kubwa zaidi ilikuja baada ya mapigano. Ngome za Prussia zilifungua milango moja baada ya nyingine. Pale Magdeburg mzee von Kleist, wa ukoo uliotoa majenerali kwa vizazi vingi, alisalimisha ngome imara pamoja na askari zaidi ya 20,000, mbele ya adui aliyekuwa na watu wachache kuliko yeye. Ile hoja ya kwamba muungwana hana mahali pa kurudi ilikuwa imejibiwa: alirudi nyumbani kwake shambani.

Ngome ndogo ya Kolberg, iliyoko ufuoni mwa bahari ya Baltiki, haikuanguka. Mwaka 1807 aliiongoza meja mmoja aliyejiita Neidhardt von Gneisenau, akisaidiwa na raia wa mji, na akashikilia mpaka amani ilipotiwa sahihi. Huyu Gneisenau alikuwa mtoto wa luteni maskini wa mizinga wa Saxony. Alizaliwa Neidhardt, "von Gneisenau" alijiongezea mwenyewe, kwa kusadiki masimulizi ya nyumbani juu ya ngome ambayo wazee wake waliwahi kuwa nayo Austria.

Hapa ndipo tulipopata jibu ambalo mkufunzi wetu, tunadhani, alikuwa akilitaka. Watu watatu waliolijenga upya jeshi la Prussia baada ya Jena wote waliingia katika uungwana kwa mlango wa nyuma. Wa kwanza ni huyo Gneisenau. Wa pili ni Gerhard Scharnhorst, mtoto wa sajini wa zamani wa askari farasi aliyekuwa mkulima wa kupangisha katika nchi ya Hanover. Prussia ilipomtaka mwaka 1801 aliweka masharti, na mojawapo lilikuwa kupewa "von". Hakuitaka kwa majivuno. Alijua kwamba katika jeshi lile amri ya mtu asiye na neno hilo ingesikilizwa kwa sikio moja. Wa tatu ni Carl von Clausewitz, ambaye vitabu vyake vinasomwa katika vyuo vya kijeshi vya dunia nzima. Babu yake alikuwa mwalimu wa elimu ya dini, na "von" ya familia ilisimama juu ya madai matupu hata mfalme alipoithibitisha mwaka 1827, wakati mwenyewe alikuwa amekwisha kuwa jenerali.

Watu hawa, pamoja na waziri Stein aliyeongoza kufutwa kwa utwana wa wakulima mwaka 1807, walipitisha tarehe 6 Agosti, 1808, kanuni iliyovunja ukuta. Wakati wa amani, njia ya kupata uofisa itakuwa elimu na ujuzi. Wakati wa vita, itakuwa ushujaa na akili ya kuona mambo upesi. Mtu yeyote katika taifa mwenye sifa hizo aweza kufikia vyeo vya juu kabisa, na upendeleo wote wa kuzaliwa umekoma.

Kwenye karatasi ulikoma. Baada ya Napoleon kushindwa, ukuta ulirudi taratibu, tofali kwa tofali, kwa kuwa maofisa wa kila rejimenti walikuwa na kura ya kumkubali au kumkataa kijana anayetaka kujiunga nao. Mwaka 1860 waungwana walikuwa 65 katika kila maofisa 100 wa Prussia. Jeshi lilipokua, mashamba ya makabaila hayakuweza kuzaa vijana wa kutosha, na kufikia mwaka 1913 walikuwa wamebaki 30 katika 100. Lakini ukipanda ngazi hadi kwa makanali na majenerali, bado walikuwa zaidi ya nusu. Walioonekana hodari walipewa neno wakiwa njiani: August Mackensen, aliyekuja kuwa mkuu wa majeshi katika Vita Kuu, alilipata mwaka 1899. Erich Ludendorff hakuwa nalo, akawa msaidizi wa Hindenburg mwenye "von" mbili katika jina lake kamili. Mmoja alipewa heshima ya ushindi, mwingine alifanya sehemu kubwa ya kazi. Wasomaji wetu waliopata kutumika katika makao makuu hawatashangaa.

Kusini walikuwa na desturi tunayoiona ya haki zaidi. Katika Bavaria, ofisa aliyepata nishani ya kijeshi ya Max Joseph kwa tendo la ushujaa aliruhusiwa kujiita "Ritter von", na neno hilo lilikufa pamoja naye. Mwanawe alibaki na jina la kawaida mpaka naye atende lake. Wilhelm Ritter von Leeb alilipata hivyo katika Vita Kuu ya Kwanza. Austria nayo, tangu mwaka 1757, iliwapa maofisa wake njia ya kuomba uungwana baada ya miaka 30 ya utumishi mwema jeshini, na wengine walichagua jina la mahali walipopigana liwe jina la kukaa baada ya "von". Hapo neno lilirudi kuwa na mahali, ila sasa ni uwanja wa vita badala ya shamba.

Vita Kuu ilipokwisha na wafalme kukimbia, jamhuri mbili mpya zililishughulikia neno hili kila moja kwa namna yake. Austria, Aprili 1919, ilifuta uungwana na kuukataza hata mdomoni. Atakayejiita "von" atozwe faini hadi krone 20,000 au afungwe hadi miezi sita. Krone yenyewe iliondolewa katika matumizi miaka ya 1920, lakini katazo likaishi. Mwana wa kaisari wa mwisho, ambaye Ujerumani aliitwa Otto von Habsburg, kwa sheria ya Austria alikuwa Otto Habsburg-Lothringen.

Ujerumani ilikuwa na busara zaidi, au ujanja zaidi. Kifungu cha 109 cha katiba ya Agosti 1919 kilisema kwamba upendeleo wa kuzaliwa umefutwa, kwamba majina ya uungwana yatakuwa sehemu ya jina tu, na kwamba hayatatolewa tena. Neno halikuuawa, liliandikishwa kuwa raia. Kanuni hiyo yafanya kazi hadi leo. "Von" katika pasipoti ya Mjerumani ina uzito ule ule wa herufi nyingine yoyote, na katika orodha hapangwi chini ya V bali chini ya jina lenyewe, kama tulivyopaswa kufanya na zile kadi zetu. Hata vyeo kama Graf, yaani mwenye jimbo, vikahamia ndani ya jina la ukoo, baada ya jina la mtu.

Lakini kitu kilichokwisha kuwa jina chaweza kurithiwa kama jina, na hapo biashara ikaanza. Joachim Ribbentrop, muuza mvinyo, alipata "von" yake mwaka 1925 kwa kuasiliwa na jamaa yake wa kike, akiwa mtu mzima wa zaidi ya miaka 30. Akawa waziri wa mambo ya nje wa Hitler, akanyongwa Nuremberg mwaka 1946. Ili kujilinda na uungwana wa kununua, koo za zamani zina kamati yao huko Marburg inayoamua nani ni wao na nani ana jina tu. Serikali haiitambui kwa lolote, nayo haijali.

Tuliahidi kurudi kwa Zelewski. Katika ukoo wa yule aliyekufa Lugalo alitokea Erich von Zelewski, aliyejiunga na SS. Jina lenye sauti ya Kipolandi lilimwia zito mbele ya wakubwa wake wapya, hivyo akajiongezea "von dem Bach", na mwaka 1940 akaliacha kabisa Zelewski. Mwaka 1944 ndiye aliyeongoza kuzimwa kwa uasi wa Warsaw, ambamo raia wa Polandi waliuawa kwa makumi ya maelfu. Mwaka huo huo, tarehe 20 Julai, Kanali Claus Schenk Graf von Stauffenberg alitega bomu chini ya meza ya Hitler. Likashindwa kumwua, naye akapigwa risasi usiku ule. Pamoja naye walikufa kina von Witzleben na von Tresckow, na watu wengi wasio na "von" yoyote. Tumejaribu kutafuta kanuni katika majina hayo tusiione. Wala si wenye neno tu waliong'ara: Rommel hakuwa nalo, na Paulus aliyesalimu amri Stalingrad hakuwa nalo, ingawa magazeti ya nje yalizoea kumwandika "von Paulus" kana kwamba jemadari wa Kijerumani hakamiliki bila hilo.

Mwaka 1945, upande wa mashariki uliokuwa chini ya Warusi, mashamba yote yaliyozidi hekta 100 yalichukuliwa bila fidia na kugawiwa wakulima. Kwa tendo hilo "zu" ilipoteza maana katika nusu ya nchi. Wa kukaa hakuwa na pa kukaa. Na bado jeshi la wananchi la Ujerumani Mashariki lilikuwa na meja jenerali Arno von Lenski, aliyetekwa Stalingrad, na makomredi wake walimwita kwa jina lake lote. Upande wa magharibi, aliyefundisha kwamba askari ni raia aliyevaa sare, mwenye haki za raia, na kwamba utii una mipaka, alikuwa Wolf Graf von Baudissin.

Majeshi hayo mawili, yaliyoelekezeana mizinga kwa miaka 35, yalitofautiana karibu katika kila jambo, ila yote mawili yalimheshimu mtu mmoja. Mashariki iliita nishani yake ya juu ya kijeshi kwa jina la Scharnhorst. Magharibi iliwakabidhi askari wake 101 wa kwanza hati zao mjini Bonn tarehe 12 Novemba, 1955, na siku hiyo ilichaguliwa kwa makusudi. Ilikuwa imetimia miaka 200 tangu kuzaliwa kwa mtoto huyo wa sajini katika kijiji cha Bordenau, naye alizaliwa Scharnhorst tu.